Sauti ni nini, na sikio linasikiaje? Somo la sayansi kutoka mashamba ya mpunga Kihurio

Kihurio ni kata ya wilaya ya Same, mkoani Kilimanjaro. Iko tambarare, upande wa mashariki wa milima ya Upare Kusini, na mpunga ni moja ya mazao yake makubwa. Mpunga ukianza kukomaa, kazi moja haina mapumziko: kuamia ndege. Mtu anapiga debe, anapiga kelele, kundi la kwelea kwelea linaruka.

Katika tendo hilo moja kuna somo zima la sauti. Kitu kinatetemeka, hewa inabeba mtetemo, sikio linapokea. Na kuna swali kubwa zaidi ya ndege: sikio lisipopokea, je, kuna mtu anayegundua?

Kwa ufupi

- Sauti ni mtetemo unaosafiri. Pasipo mtetemo hakuna sauti.
- Hewani sauti huenda mita 340 hivi kwa sekunde. Majini na kwenye vitu vigumu huenda kasi zaidi.
- Seli za kusikia ndani ya sikio la binadamu zikifa haziotuki tena.
- Mtoto anayeitwa "mkaidi" au "mzito" darasani anaweza kuwa hasikii vizuri. Apimwe masikio kwanza.

Sauti inatoka wapi?

Sauti huanza pale kitu kinapotetemeka, yaani kinapokwenda mbele na kurudi nyuma haraka haraka. Ukipiga ngoma, ngozi yake hutetemeka. Ukiongea, kuna nyuzi mbili kooni zinazotetemeka. Weka vidole kooni useme "aaaa", utazihisi hapo hapo.

Wahenga walisema debe tupu haliachi kuvuma. Walikuwa wanamsema mtu, lakini sayansi yao ni sahihi. Bati la debe tupu lina nafasi ya kucheza, kwa hiyo likipigwa hutetemeka kwa muda mrefu. Ukilijaza mpunga, punje zinalibana bati na kumeza mtetemo. Unapiga ileile, unapata "du" fupi tu.

Jaribu mwenyewe: mchele unaocheza

- Chukua bakuli, funika mdomo wake kwa mfuko wa nailoni, uvute ukaze kama ngoma, funga kwa mpira.
- Mwaga punje chache za mchele juu yake.
- Sogeza sufuria karibu bila kugusa bakuli, kisha ipige kwa kijiko.

Punje zitarukaruka. Hakuna aliyegusa nailoni. Hewa ndiyo imebeba mtetemo kutoka kwenye sufuria mpaka kwenye bakuli. Ngoma ya sikio hufanya kazi kwa namna hiyohiyo.

Sauti inasafiri vipi?

Wengi hudhani hewa yenyewe inatoka kwenye debe na kuja mpaka sikioni, kama upepo. Siyo hivyo. Chembe za hewa zilizo karibu na debe husukuma za jirani, kisha hurudi mahali pake. Zile za jirani nazo husukuma zinazofuata. Kinachosafiri ni msukumo. Hewa yenyewe inabaki palepale.

Fikiria watu waliopanga foleni wakibanana. Wa nyuma akisukuma kidogo, msukumo unafika mpaka wa mbele kabisa, ingawa hakuna aliyetoka kwenye nafasi yake. Msukumo wa namna hiyo ukijirudia huitwa wimbi la sauti.

Kwa hiyo sauti inahitaji kitu cha kupitia:

- Hewani: mita 340 hivi kwa sekunde. Hewa ikiwa ya joto, kasi huongezeka kidogo.
- Majini: karibu mita 1,480 kwa sekunde, zaidi ya mara 4 ya hewani.
- Kwenye chuma: zaidi ya mita 5,000 kwa sekunde.

Unaweza kuhakikisha darasani. Laza sikio juu ya dawati, mwenzako akwaruze upande wa pili kwa ukucha. Utasikia mkwaruzo mkubwa. Inua kichwa, na mkwaruzo uleule karibu hausikiki.

Na kama hakuna kitu kabisa? Mwaka 1660 mwanasayansi Robert Boyle alichapisha maelezo ya majaribio aliyofanya kwa pampu ya kunyonya hewa. Aliweka saa inayogonga ndani ya chombo cha kioo, hewa ikaanza kutolewa, na mlio ukafifia. Pasipo hewa wala kitu kingine, yaani penye ombwe, sauti haipiti. Ndiyo maana wanaanga waliotembea mwezini waliongea kwa redio.

Kupima umbali kwa masikio

Mwanga husafiri karibu kilomita 300,000 kwa sekunde. Sauti ni mzee wa mkongojo ukilinganisha. Ukimwangalia mtu anayepiga debe upande wa pili wa mashamba, mita 340 kutoka ulipo, unauona mkono ukishuka kwanza, mlio unafika sekunde 1 baadaye.

Tofauti hiyo inaweza kuokoa maisha wakati wa radi. Ukiona mwanga, anza kuhesabu sekunde mpaka usikie ngurumo, kisha gawa kwa 3. Jibu ni umbali kwa kilomita.

- Sekunde 15: radi imepiga kilomita 5 hivi kutoka ulipo.
- Sekunde 6: kilomita 2.
- Sekunde 3: kilomita 1. Hapo ulitakiwa uwe umeshaondoka.

Kanuni inayofundishwa sehemu nyingi ni hii: muda kati ya mwanga na ngurumo ukiwa chini ya sekunde 30, toka shambani, toka kwenye maji, usijikinge chini ya mti. Ingia kwenye nyumba imara au ndani ya gari lililofungwa. Subiri dakika 30 baada ya ngurumo ya mwisho. Kwenye shamba la mpunga, ambako mtu ndiye kitu kirefu kuliko vyote na miguu iko kwenye maji, kanuni hii si ya kupuuza.

Mwangwi: mlima unapojibu

Wimbi la sauti likigonga kitu kigumu na kikubwa, kama mwamba au ukuta, sehemu yake hurudi. Hiyo ndiyo sauti ya pili unayoisikia, yaani mwangwi.

Kwa nini ukiita ndani ya chumba kidogo hakuna mwangwi? Upo, ila unarudi haraka mno. Ubongo unahitaji nafasi ya sehemu ya kumi ya sekunde hivi ili kuzitenga sauti mbili. Kwa hiyo ukuta lazima uwe angalau mita 17 kutoka ulipo.

Anayeishi chini ya milima ya Upare ana kifaa cha kupimia umbali bure. Simama mbele ya mwamba, piga kofi moja kali, hesabu sekunde mpaka mwangwi urudi. Zidisha kwa 340, kisha gawa kwa 2, kwa sababu sauti imekwenda na kurudi. Mwangwi wa sekunde 3 una maana mwamba uko mita 510 hivi.

Kwa nini usiku sauti za mbali husikika karibu?

Wengi wameshaona hili. Mchana muziki wa kijiji cha pili hausikiki kabisa, usiku unaufuata hata wimbo. Sababu mojawapo ni utulivu, kwani pikipiki zimeegeshwa na mashine zimezimwa. Lakini kuna sababu nyingine ya kisayansi.

Mchana ardhi ya tambarare hupata moto. Hewa ya chini inakuwa ya joto kuliko ya juu, na mawimbi ya sauti hupinda kwenda juu, yanakupita kichwani. Usiku wenye anga safi ardhi hupoa haraka, hewa ya chini inakuwa baridi kuliko ya juu, na mawimbi hupinda kurudi chini. Sauti ambayo mchana ingepotea angani, usiku inatua masikioni mwako.

Sauti nyembamba, sauti nene

Idadi ya mitetemo kwa sekunde hupimwa kwa hezi. Mitetemo mingi hutoa sauti nyembamba, kama filimbi. Mitetemo michache hutoa sauti nene, kama ngoma kubwa.

Mfano ambao kila anayelala karibu na majaruba anaujua ni mbu. Mbu jike hupiga mbawa mara mia kadhaa kwa sekunde, mara nyingi kati ya 400 na 600. Mlio ule wa sikioni ni wa mbawa, wala hautoki mdomoni.

Ukubwa wa sauti ni jambo jingine. Huo unategemea nguvu ya mtetemo na hupimwa kwa desibeli. Sauti inaweza kuwa nyembamba na ndogo, kama ya mbu, au nyembamba na kubwa, kama ya king'ora.

Sauti ambazo binadamu hazisikii

Sikio la kijana mwenye afya husikia kuanzia hezi 20 hadi hezi 20,000. Wanyama wengine wana mipaka yao.

- Mbwa husikia zaidi ya hezi 40,000. Ndiyo maana anaweza kusimamisha masikio wakati wewe husikii kitu.
- Popo hutoa milio ya juu sana, mingine zaidi ya hezi 100,000, na kusikiliza mwangwi wake ili kujua mdudu alipo gizani.
- Tembo huongea kwa sauti nene mno, nyingine chini ya hezi 20.

Sauti za tembo ziligunduliwa mwaka 1984 na mtafiti Katy Payne. Akiwa karibu na tembo kwenye bustani ya wanyama huko Portland, Marekani, alihisi hewa ikitetemeka ingawa hakusikia kitu. Vipimo vikaonesha kumbe tembo walikuwa wanaongea. Sauti za namna hiyo hufika kilomita kadhaa.

Kwa wakulima wa Same, tembo ni jirani. Hifadhi ya Taifa ya Mkomazi iko kaskazini-mashariki, nayo inapakana na Tsavo West ya Kenya, na tembo huvuka mpaka bila pasipoti. Huko Kenya sauti imegeuzwa kuwa ulinzi. Mwaka 2007 mtafiti Lucy King na wenzake walichapisha jaribio walilofanya Samburu. Waliwachezea tembo sauti ya nyuki waliokasirika kupitia spika. Familia 16 kati ya 17 ziliondoka ndani ya sekunde 80. Kutokana na hilo ukaja uzio wa mizinga ya nyuki kuzunguka mashamba, ikiwemo eneo la Sagalla karibu na Voi. Tembo akigusa waya, mizinga inatikisika, nyuki wanatoka.

Ndani ya sikio kuna nini?

Sikio tunaloliona ni mlango tu. Safari ya sauti ina hatua tano:

1. Sikio la nje hukusanya mawimbi na kuyapeleka kwenye tundu.
2. Ngoma ya sikio, utando mwembamba wenye upana wa sentimita 1 hivi, hutetemeka kama ile nailoni ya kwenye bakuli.
3. Mifupa mitatu midogo, yaani nyundo, fuawe na kikuku, hupokea mtetemo na kuuongezea nguvu. Kikuku kina urefu wa milimita 3 hivi, ndio mfupa mdogo kuliko yote mwilini.
4. Sikio la ndani lina mrija uliojikunja kama konokono, wenye maji. Ndani yake kuna seli zenye vinyweleo, karibu 15,000 kwa kila sikio. Maji yakitikisika, vinyweleo vinapinda, seli zinatoa ishara ya umeme.
5. Mshipa wa fahamu hupeleka ishara kwenye ubongo. Hapo ndipo unasema, "Hilo debe, na ile ni sauti ya mama."

Kila sehemu ya ule mrija ina kazi yake. Mwanzoni hupokea sauti nyembamba, mwishoni kabisa sauti nene. Georg von Békésy, aliyechunguza jinsi mawimbi yanavyopita humo, alipewa Tuzo ya Nobel mwaka 1961.

Kwa nini masikio mawili? Sauti ikitoka kulia, hufika sikio la kulia mapema kidogo kuliko la kushoto. Tofauti ni chini ya sehemu moja ya elfu ya sekunde, lakini ubongo unaikamata na kujua bodaboda inatokea upande gani. Asiyesikia sikio moja hupata shida hapo, hasa barabarani.

Ndege wanaota upya, sisi hapana

Mwaka 1988 watafiti nchini Marekani walichapisha jambo lililowashangaza wenzao. Kuku na kware ambao seli zao za kusikia zilikuwa zimeharibiwa kwa kelele waliotesha mpya.

Binadamu hawezi. Seli 15,000 alizozaliwa nazo ndizo atakazotumia mpaka uzee. Ndege anayefukuzwa shambani ana akiba. Mtoto anayemfukuza hana.

Kelele kiasi gani ni nyingi?

Desibeli hazihesabiki kama kilo. Zikiongezeka 10, nguvu ya sauti huwa mara 10. Zikiongezeka 3 tu, nguvu huwa mara 2.

- Mnong'ono: desibeli 30 hivi
- Mazungumzo ya kawaida: 60 hivi
- Kusimama karibu na mashine ya kukoboa mpunga: mara nyingi 85 au zaidi
- Spika kubwa za sherehe ukiwa mbele yake: 100 au zaidi
- Hedifoni simu ikiwa sauti ya mwisho: inaweza kufika 100

Kipimo kinachotumika sana kazini ni desibeli 85 kwa saa 8 kwa siku. Kila zikiongezeka 3, muda unakatwa nusu: 88 ni saa 4, 91 ni saa 2, 94 ni saa 1. Kwenye 100, dakika 15 zinatosha kumaliza kiwango cha siku nzima.

Huna kifaa cha kupimia? Mtu akiwa umbali wa mkono mmoja na bado unalazimika kupaza sauti ili akusikie, kelele ya hapo ni hatari kwa masikio. Masikio yakipiga "nziii" baada ya sherehe, hiyo ni dalili kwamba seli zimechoka. Zikichoshwa mara kwa mara, zinakufa.

Cha kufanya:

- Weka sauti ya simu isizidi asilimia 60 unapotumia hedifoni, na pumzisha masikio kila baada ya muda.
- Usikae mbele ya spika. Kila hatua unayorudi nyuma inapunguza mzigo.
- Anayefanya kazi kwenye mashine avae vizibo vya masikio. Mtoto asicheze wala kulala karibu na mashine inayofanya kazi.

Shirika la Afya Duniani, WHO, linakadiria kuwa vijana zaidi ya bilioni 1 duniani wako kwenye hatari ya kupoteza usikivu kwa sababu ya kusikiliza kwa sauti kubwa.

"Huyu mtoto hasikii"

Kwa Kiswahili, neno "hasikii" lina maana mbili. La kwanza ni masikio. La pili ni tabia: hasikii, maana yake hatii. Hata methali zinachanganya. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Sikio la kufa halisikii dawa. Zote zinamsema mkaidi.

Basi mtoto anaitwa mara tatu haitiki, anaambiwa amezidi kiburi. Mwalimu anasema "andika swali la tano", yeye anaandika la tatu, anaambiwa hana akili. Anaketi nyuma, anakosa nusu ya somo, mwisho anakuwa mkimya na kuchukia shule. Anaadhibiwa kwa kosa la sikio.

Usikivu ukipungua kidogo tu, mtoto bado anageuka ukipiga debe. Kinachompotea ni herufi nyepesi kama s, f, t na k, ambazo hubeba maana ya maneno. Anasikia kwamba mtu anaongea, ila hapati anachosema. Ndiyo maana hata mzazi anaweza kuapa kwamba mwanaye anasikia vizuri.

Dalili za kuangalia

- Mtoto wa miezi 3 hashtuki kwa sauti kubwa ya ghafla.
- Wa miezi 6 hadi 9 hageuki kuitafuta sauti.
- Wa mwaka mmoja na nusu bado hana neno hata moja.
- Wa shule anaomba kurudiwa, anatazama midomo, anaongeza sauti ya redio, au anageuza sikio moja kila mara.
- Anaitika vizuri ana kwa ana, lakini haitiki ukimwita kwa nyuma.

Jaribio la mnong'ono

Simama nyuma ya mtoto, umbali wa mkono. Azibe sikio moja kwa kidole. Nong'ona maneno matatu rahisi, kwa mfano "kiti, samaki, tano", ayarudie. Badilisha sikio na maneno. Akishindwa zaidi ya mara moja, apelekwe kupimwa. Jaribio hili si kipimo cha daktari, ila linaonesha nani asisubiri.

Masikio yanaharibiwa na nini?

WHO inasema takriban asilimia 60 ya upotevu wa usikivu kwa watoto unatokana na sababu zinazozuilika. Kubwa ni hizi:

- Usaha sikioni. Mrija unaounganisha koo na sikio la kati kwa mtoto ni mfupi na umelala, kwa hiyo mafua hupanda kirahisi. Sikio linalotoa usaha zaidi ya wiki 2 linaweza kutoboka ngoma kabisa. Usisubiri "atakua liache lenyewe".
- Surua, rubela na homa ya uti wa mgongo. Chanjo ya surua na rubela hutolewa bure, mtoto akiwa na miezi 9 na tena akiwa na miezi 18.
- Baadhi ya dawa, kama sindano za gentamaisini au kwinini kwa kiwango kikubwa. Ni dawa halali na zinaokoa maisha, lakini zitolewe na mhudumu wa afya, siyo za kununua kienyeji.
- Kuchokonoa. Njiti ya kiberiti, unyoya, kalamu na pamba za vijiti husukuma nta ndani na zinaweza kutoboa ngoma. Nta ni kinga, hutoka yenyewe.

Usimwagie mtoto sikioni maziwa ya mama, maji ya majani, mafuta ya kupikia wala mkojo. Kama ngoma imetoboka, vitu hivyo vinaingia moja kwa moja sikio la kati. Mdudu au punje ya mpunga ikiingia, usichokonoe, nenda zahanati.

Zahanati na kituo cha afya huweza kutibu maambukizi ya kawaida na kutoa rufaa. Kwa matatizo makubwa, Hospitali ya KCMC mjini Moshi ina huduma za masikio, pua na koo.

Na kama usikivu haurudi?

Maisha hayajaishia hapo. Njia ni kadhaa, na hutegemea tatizo.

- Shimesikio, yaani kifaa kinachovaliwa sikioni, hukuza sauti kwa mwenye usikivu uliobaki.
- Kifaa kinachopandikizwa sikio la ndani hupeleka ishara za umeme kwenye mshipa wa fahamu. Hospitali ya Taifa Muhimbili ilianza upasuaji huo mwaka 2017. Mtoto akiwahiwa akiwa mdogo, matokeo huwa bora.
- Lugha ya Alama ya Tanzania ni lugha kamili, ina sarufi yake. Mtoto kiziwi anayeipata mapema hukua na lugha, hujifunza na hufikiri kama wenzake.

Shule ya kwanza ya viziwi nchini ilifunguliwa Tabora mwaka 1963. Kwa familia za Same, jirani zaidi ni Shule ya Viziwi Mwanga, katika wilaya ya Mwanga, mkoa uleule wa Kilimanjaro.

Kwa mwalimu mwenye mwanafunzi asiyesikia vizuri kwenye darasa la kawaida, mambo manne hayana gharama:

- Mkalishe mbele, sikio zuri likielekea kwako.
- Mwangalie unapoongea. Usiongee ukiwa umegeukia ubao.
- Andika ubaoni maneno mapya na namba za maswali.
- Mvua ikipiga bati, acha kufundisha kwa mdomo. Wape kazi ya kuandika.

Maswali ya haraka kwa wanafunzi

Kwa nini sauti yako ukiirekodi inasikika ngeni? Ukiongea, unajisikia kupitia hewa na pia kupitia mifupa ya kichwa, inayoongeza unene. Simu inarekodi ile ya hewani tu. Ndiyo wanayoisikia wenzako kila siku.

Kwa nini masikio yanaziba gari likipanda milimani? Juu, kanieneo ya hewa ni ndogo kuliko ile iliyobaki ndani ya sikio la kati, na ngoma inasukumwa nje. Kumeza mate au kupiga miayo kunafungua ule mrija wa kooni na kusawazisha.

Kwa nini wazee hawasikii milio myembamba? Seli zinazopokea sauti nyembamba ziko mwanzoni mwa mrija na ndizo huchakaa kwanza. Bibi anaweza kusikia ngoma na asisikie mbu.

Kiziwi anaweza kufurahia ngoma? Ndiyo. Ngoma nene hutikisa sakafu na kifua, na mwili unauhisi mdundo. Sauti ni mtetemo kwanza, na mtetemo una milango zaidi ya sikio.

Mzazi aanze wapi akiwa na wasiwasi? Zahanati ya karibu, wiki hii, kabla ya kumwita mtoto mkaidi.